Kisiria kwa herufi za Kilatini: usilipe hiyo kozi kabla hujasoma hapa

Mkuu mtoa mada, usilipe. Kama umeshalipa, dai hela yako leo hii.

Umeandika kwamba umepata kozi ya WhatsApp inayofundisha Kisiria, lugha ya kale ya Wakristo wa Mashariki ya Kati, "bila mzigo wa herufi ngeni", na kwamba utasoma Injili "kwa lugha ileile aliyotamka Yesu". Halafu ukauliza kamusi ipi inafaa. Nitafika huko. Ila hiyo kozi naijua. Kama si ileile niliyosoma mimi, basi ni ndugu yake wa tumbo moja, na mimi ilinivuruga mbele ya watu ninaosali nao.

Vitini vyetu vilikuja kwa PDF, kila kitu kwa herufi za Kilatini, tena kavu, bila alama juu wala chini. T ni t, s ni s, h ni h, basi. Mwalimu alisema herufi za Kisiria ni mapambo ya makanisa ya huko, cha msingi ni sauti. Tukamwamini upesi, kwa sababu Kisiria kinamvuta Mswahili kwa masikio: sita ni eshta, saba ni shaba, tisa ni tesha, kitabu ni ktaba, salamu ni shlama. Undugu huo ni wa kweli. Maneno yetu hayo yalikuja kwa njia ya Kiarabu, na Kiarabu na Kisiria ni ukoo mmoja. Ndiyo maana mtego wenyewe unanasa vizuri.

Sasa fuatilia. Mathayo 4:17, Yesu anaanza kuhubiri. Kitini kinasema: tubu, qerbat lah ger malkuta dashmayya. Tubuni, ufalme wa mbinguni umekaribia. Hilo tubu limekaa pale kama limeandikwa Tanga. Fungua sura inayofuata, 5:3: tubayhon l-meskene b-ruh. Meskene ni maskini. Ruh ni roho. Na tubayhon? Nimetoka kusoma tubu sura moja nyuma, na vitini vinaandika yote mawili kwa t moja. Nikasoma: watubu maskini wa roho.

Utaniuliza, hukufungua Biblia ya Kiswahili? Niliifungua. Inasema "Heri walio maskini wa roho", naijua tangu Komunyo ya Kwanza. Lakini mwalimu alikuwa ametuandaa. Alituambia tangu somo la mwanzo kwamba Peshitta, Biblia ya Kisiria, ndiyo asili, kwamba Wagiriki walipotosha, na kwamba popote Kisiria kikitofautiana na Biblia zetu, Kisiria ndicho chenye haki. Kwa hiyo nilipoona tofauti, sikuona kosa. Niliona hazina. Nikamtumia mwalimu ugunduzi wangu, akanipongeza mbele ya kundi zima, akauweka kwenye tangazo la kuvutia wanafunzi wapya! Mtu anayejua Kisiria angeligundua lile kosa kabla hajamaliza kusoma ujumbe wangu. Yeye alichukua hela zetu mwezi kwa mwezi na hakuwahi kutuonyesha ukurasa mmoja wa maandishi yenyewe. Sasa hivi siamini kama alikuwa anaweza kuusoma.

Ilikuwa Kwaresima. Nikachapisha kijitabu cha tafakari kwa gharama yangu, nikakigawa kwenye jumuiya yetu na jumuiya mbili jirani. Ukurasa wa kwanza: Yesu hakuwaambia maskini heri, aliwaambia watubu. Nikalifundisha hilo nimesimama. Baada ya sala, mama mmoja anayeuza vitumbua, ambaye ana mzigo wa wajukuu, akanifuata akaniuliza kwa upole: "Kwa hiyo mwalimu, huu umaskini wangu ni dhambi?" Nikamjibu kwa maneno mengi ya kitaalamu. Aya ambayo imewafuta machozi watu kwa karne nyingi, mimi nilimpa yule mama kama shtaka. Hela ya kuchapisha nimeshaisahau. Swali lile sijalisahau.

Aliyenishika ni jirani yangu, ustadhi wa madrasa. Nilikuwa namsimulia kwa furaha jinsi tubu yetu ilivyo ya zamani. Akaniuliza kitu kimoja tu: "Te au twa?" Sikumwelewa. Akachukua kalamu, akaandika ت na ط. Akasema tubu yetu, ya toba, ni ya te. Lakini ipo tuba nyingine, ya twa, na hiyo ni heri. Imo kwenye Sura ya Ar-Raad, aya ya 29, tuba lahum. "Hiyo yako ni ipi?" Nami sikuwa na jibu, maana kitini changu hakikuwa na jibu. Kilikuwa na t.

Tulitafuta Peshitta mtandaoni kwenye simu, tukaikuta baada ya dakika chache. Kwenye Mathayo 4:17 maneno ya Yesu yanaanza ܬܘܒܘ. Mathayo 5:3 inaanza ܛܘܒܝܗܘܢ. Angalia herufi ya kwanza kulia. ܬ ni taw, ile te ya ustadhi. ܛ ni teth, ile twa. Hazifanani kwa lolote! Mtoto wa darasa la pili angeona ni herufi mbili tofauti. Heri yao maskini wa roho, sawasawa na Biblia zetu, sawasawa na Kigiriki. Kosa lile lisingewezekana kabisa kwa mtu anayesoma maandishi yenyewe. Anayetaka kunicheka acheke, ila kwanza aniambie angetofautishaje t na t.

Na si t peke yake. Neno lilelile la maskini: ܡܣܟܢܐ ni maskini mmoja, ܡܣܟܢ̈ܐ ni maskini wengi. Herufi ni zilezile, tofauti ni zile nukta mbili juu, zinaitwa syame, alama ya wingi. Dalath na resh, yaani d na r, zina umbo moja: nukta ikiwa chini ni d, ܕ, ikiwa juu ni r, ܪ. Nukta za Kisiria ndiyo lugha yenyewe, na yule bwana aliziita mapambo.

Kuna na hili la matamshi, ambalo kwenye kozi yako hawatakuambia. Wasiria wa mashariki na wa magharibi wanatofautiana irabu. Kwenye sala ya Baba Yetu, mmoja utamsikia akisema Abun d-bashmayya, mwingine Abun d-bashmayo. Mimi niliposikia ya pili ikiimbwa nilidhani ni lugha nyingine. Kwenye maandishi wote wanasoma ܐܒܘܢ ܕܒܫܡܝܐ, herufi kwa herufi. Ukijifunza kwa Kilatini umejifungia kwenye lafudhi ya aliyekuandikia kitini.

Hilo la "lugha ileile aliyotamka Yesu" nalo lisikuzuge. Yesu alisema Kiaramu cha Galilaya. Kisiria ni Kiaramu cha Edessa, mji ambao leo unaitwa Şanlıurfa, Uturuki, ndiko alikofia Mtakatifu Efrem, mtunzi wa tenzi za Kisiria, mwaka 373. Agano la Kale la Peshitta lilitafsiriwa kutoka Kiebrania, Agano Jipya kutoka Kigiriki, na hapo mwanzo lilikuwa na vitabu 22 tu: hakukuwa na 2 Petro, 2 na 3 Yohana, Yuda wala Ufunuo. Ni tafsiri. Tafsiri ya zamani mno, tamu, iliyosomwa kanisani kutoka Mesopotamia hadi Kerala, India, na inastahili kusomwa kwa heshima yake yenyewe bila kuivika uongo.

Kwa hiyo sharti langu ni moja: kwenye daftari lako la Kisiria isionekane herufi hata moja ya Kilatini. Hata pembeni. Hata kwa penseli. Herufi ni 22, zinaandikwa kulia kwenda kushoto na zinaungana. Nane kati yake haziungi na inayofuata, ܐ ܕ ܗ ܘ ܙ ܨ ܪ ܬ. Kama umepita madrasa, mkono wako unalijua jambo hili tayari, kwa sababu alifu na dali na wau za Kiarabu nazo haziungi. Kama hukupita, mtafute aliyepita akusimamie kuandika siku za mwanzo. Miandiko iko mitatu: Estrangela ya kale, Serto ya magharibi, na ule wa mashariki. Anza na Serto yenye irabu juu na chini ya herufi, kwa sababu irabu za magharibi ni tano, a, e, i, o, u, zetu hizihizi. Agano Jipya lenye irabu hizo lilitolewa mwaka 1920 na British and Foreign Bible Society, haohao waliotutolea Union Version mwaka 1952, na nakala zake za picha zipo mtandaoni.

Wanaosema herufi zinachelewesha, waambie habari za Agnes Smith Lewis. Mwaka 1892 alifika monasteri ya Mtakatifu Katarina, Sinai, akafungua kitabu cha ngozi chenye visa vya wanawake watakatifu. Chini ya wino ule akaona maandishi mengine yaliyofutwa, akatambua ni Injili. Ilikuwa tafsiri ya Kisiria ya kale kuliko Peshitta. Mama yule alikuwa amejifunza kusoma Kisiria kabla ya safari. Angejifunza kwa vitini kama vyangu, angegeuza ukurasa akaendelea na safari yake.

Kamusi: tafuta ile ya Jessie Payne Smith ya mwaka 1903, inapatikana bure. Ni ya Kiingereza, lakini maneno yamepangwa kwa mfuatano wa herufi za Kisiria, kwa hiyo bila herufi haikusaidii kitu, na hilo naliona ni jema.

Wiki hii andika kwa mkono Mathayo 5:3 hadi 5:12, irabu na nukta zote, polepole. Kila aya kuanzia ya 3 hadi ya 11 inafunguliwa na teth, mkono wako utaizoea wenyewe. Piga picha uiweke hapahapa kwenye uzi, nitakusahihishia nukta moja moja. Kwangu ni bure.