Nani alimtenga Spinoza
Je, mwanafalsafa Spinoza alitengwa, yaani alifukuzwa katika jumuiya ya kidini, na Kanisa Katoliki kwa sababu ya kitabu chake cha Maadili? Hapana, si Kanisa Katoliki, wala si kwa sababu ya kitabu hicho. Spinoza alitengwa na Wayahudi wenzake wa Amsterdam tarehe 27 Julai 1656, akiwa na miaka 23 na hajachapisha chochote. Kitabu hicho kilitoka 1677, yeye ameshafariki. Tamko la kumtenga lipo hadi leo, kwa Kireno: linamlaani mchana na usiku, alalapo na aamkapo, na kukataza mtu kukaa naye chini ya paa moja au kumsogelea dhiraa nne. Inauma kulisoma. Ila linataja uzushi na matendo maovu tu, halielezi alisema au alifanya nini hasa. Kanisa Katoliki lilipiga marufuku maandishi yake baadaye.