Maswali na Majibu: Utumwa katika Uislamu na katika Nchi za Magharibi

Swali la kwanza

Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu wa historia. Kila ninapofundisha mada ya utumwa, darasa langu hugawanyika. Wapo wanafunzi wanaosema kwamba utumwa wa Waislamu ulikuwa wa huruma kiasi kwamba haufai hata kuitwa utumwa, na wapo wanaosema kwamba Waislamu ndio waliowauza Waafrika, kisha Wazungu wakaja kuwaokoa. Nimsahihishe nani?

Jibu

Mwalimu, wasahihishe wote wawili, lakini usiwanyang'anye kile kidogo cha kweli walicho nacho.

Si Uislamu wala Ukristo uliouanzisha utumwa. Dini zote mbili ziliukuta umekwishaota mizizi, Uislamu ukiukuta Bara Arabu na Ukristo ukiukuta ndani ya dola ya Roma, na zote mbili zikakubali kuishi nao. Kurani iliuwekea masharti ambayo mtu mwadilifu hawezi kuyapuuza: kumwacha huru mtumwa kumefanywa kafara ya kuua kwa bahati mbaya na ya kuvunja kiapo, sehemu ya zaka imetengwa kwa ajili ya kuwakomboa watumwa, na sura ya 24 inawataka mabwana wakubali kuandikiana mkataba na mtumwa anayetaka kujikomboa kwa malipo. Mtume Muhammad (S.A.W.) aliwaambia wafuasi wake kwamba watumwa ni ndugu zao, wawalishe wanachokula na wawavishe wanachovaa. Mwanafunzi wako wa kundi la kwanza ameyasikia haya, na ni kweli.

Ambalo huenda hakulisikia ni habari za mabwawa ya kusini mwa Iraki. Huko, katika karne ya 9, maelfu ya watumwa, wengi wao wakiwa watu weusi walioitwa Zanj, walisimamishwa katika tope na chumvi wakikwangua tabaka la juu la ardhi ili chini yake ilimwe. Mwaka 869 waliasi, wakauteka mji wa Basra, wakapigana na majeshi ya Khalifa hadi mwaka 883. Watu hawapigani miaka kumi na minne ili kuikimbia huruma.

Kwa upande wa Magharibi, jambo ambalo ningependa wanafunzi wako walitazame kwa karibu zaidi ni sheria mbili za Virginia, koloni la Waingereza katika Amerika ya Kaskazini. Ya kwanza, ya mwaka 1662, ilisema kwamba mtoto atafuata hali ya mama yake, awe huru au mtumwa. Ya pili, ya mwaka 1667, ilisema kwamba ubatizo haumtoi mtu utumwani. Kwa kalamu hizo mbili, utumwa uligeuzwa kuwa urithi wa damu ambao hata imani haikuweza kuukata, na bwana aliyezaa na mtumwa wake aliweza kumuuza mtoto wake wa kumzaa bila kuvunja sheria yoyote. Sheria ya Kiislamu katika jambo hilo hilo ilikwenda njia nyingine kabisa: mtoto wa bwana na mtumwa wake, akikubaliwa na baba, alizaliwa huru na kurithi kama ndugu zake, na mama yake hakuweza kuuzwa tena. Tofauti hii ni kubwa, nayo ni sababu mojawapo ya kutokea katika Amerika jamii kubwa ya watu waliozaliwa watumwa kizazi baada ya kizazi, wakitambulika kwa rangi ya ngozi, hali ambayo haikutokea kwa namna hiyo katika sehemu nyingi za ulimwengu wa Kiislamu.

Halafu kuna ukubwa wa biashara yenyewe. Wanahistoria wanakadiria kwamba Waafrika wapatao milioni 12.5 walipakiwa katika meli za Bahari ya Atlantiki, na waliofika ng'ambo wakiwa hai ni kama milioni 10.7. Mwaka 1781 mabaharia wa meli ya Kiingereza iliyoitwa Zong waliwatosa baharini zaidi ya watu 130, kisha wenye meli wakadai fidia ya bima. Kesi ilipofika London mwaka 1783 haikuwa kesi ya mauaji, bali ya bima, na jaji mkuu alisema kwamba, kwa macho ya sheria, ilikuwa sawa na farasi kutupwa baharini.

Hata hivyo, usimruhusu mwanafunzi yeyote adhani kwamba dharau kwa mtu mweusi ilikuwa ya Wazungu peke yao. Kisa cha laana ya Hamu, mwana wa Nuhu, kilichodai kwamba weusi ni alama ya kulaaniwa kuwa mtumwa, kilisimuliwa na Wakristo na Waislamu pia. Miongoni mwa waliokikataa waziwazi ni Ahmad Baba, mwanachuoni wa Timbuktu, na habari zake zinastahili kipindi kizima darasani. Jeshi la Morocco liliuteka mji wake mwaka 1591, naye akapelekwa Marrakesh akiwa mfungwa, asirudi nyumbani hadi mwaka 1608. Mwaka 1615 alijibu maswali ya watu wa oasisi ya Tuwat, ndani ya Sahara, waliotaka kujua ni watumwa gani halali kununuliwa. Akasema kinachomfanya mtu aweze kumilikiwa ni ukafiri, si rangi, na akataja watu wa Afrika Magharibi wanaojulikana kuwa ni Waislamu ili wasiguswe. Jibu hilo lilikuwa la ujasiri kwa zama zake. Lakini tazama lilipoishia: lilimtetea Muislamu, na jirani yake asiye Muislamu likamwacha mikononi mwa mchuuzi.

Na mifumo hii miwili haikuwa mbalimbali kama tunavyopenda kuichora. Mwaka 1776 Mfaransa aitwaye Morice aliwekeana mkataba na Sultani wa Kilwa wa kupatiwa watumwa 1,000 kila mwaka kwa ajili ya mashamba ya visiwa vya Ufaransa katika Bahari ya Hindi. Muuzaji alikuwa Muislamu, mnunuzi alikuwa Mkristo, na wala dini haikuwazuia kuelewana bei.

Swali la pili

Mimi ni mama wa Kiislamu na nauliza kwa nia njema. Kama Mwenyezi Mungu aliharamisha ulevi na riba, kwa nini hakuuharamisha utumwa moja kwa moja? Na je, ni kweli kwamba suria alikuwa na heshima ya mke?

Jibu

Mama, swali lako la kwanza limewahangaisha wanachuoni wengi, hasa tangu karne ya 19. Jibu linalotolewa mara nyingi ni kwamba Uislamu ulikusudia kuumaliza utumwa hatua kwa hatua, kwa kubana njia za kuingilia na kupanua milango ya kutokea. Mimi naliheshimu jibu hilo, ila naona limesimama kwa mguu mmoja, kwa sababu ulevi nao ulikatazwa kwa hatua na hatua hizo zilikamilika katika uhai wa Mtume, ilhali utumwa uliendelea kwa zaidi ya karne kumi na tatu.

Ninachokiona kuwa na nguvu zaidi ni hiki. Aya ya 4 ya sura ya 47, inayozungumzia mateka wa vita, inataja njia mbili tu, yaani kuwaachilia kwa hisani au kwa fidia. Kuwafanya watumwa hakukutajwa hapo. Mafakihi, yaani wanachuoni wa sheria ya Kiislamu, ndio waliokuruhusu kwa hoja nyingine, wakifuata desturi ya vita ya zama zao. Tena ipo hadithi kwamba miongoni mwa watu watatu ambao Mwenyezi Mungu mwenyewe atakuwa mshitaki wao Siku ya Kiyama ni yule aliyemuuza mtu huru akala thamani yake. Sasa fikiria mtoto aliyekamatwa usiku katika uvamizi wa kijiji, mahali ambapo hapakuwa na vita vya kisheria wala tangazo lolote. Mtoto huyo ni mtu huru. Kwa vipimo vya sheria ile ile ambayo wafanyabiashara Waislamu waliapa kuifuata, sehemu kubwa ya biashara hiyo ilikuwa haramu, na waliokuwa na elimu walijua. Kuhasi nako kulikatazwa, lakini matowashi walinunuliwa kwa bei kubwa na kuwekwa hata katika majumba ya watawala, kwa kuwa kisu kilishikwa na wengine nje ya mipaka ya nchi za Kiislamu.

Kuhusu suria, haki nilizozitaja hapo juu alizipata kwa kuzaa. Asiyezaa aliweza kuuzwa kesho yake. Mke aliolewa kwa mahari na kwa ridhaa, suria hakuulizwa. Ukitaka kuona jambo hili lilivyokuwa zito, angalia Zanzibar: amri ya mwaka 1897 iliyoondoa utumwa kisheria iliwaacha masuria nje, na ilibidi wangoje hadi mwaka 1909. Siwezi kuita heshima ya mke hali ambayo mwanamke hana ruhusa ya kusema hapana, hata kama alivishwa hariri, na nasema hivi nikijua kwamba wapo wasomaji ambao bibi zao walikuwa masuria na walipendwa na watoto wao.

Nawe usidhani Wakristo walikuwa na njia rahisi zaidi. Barua za Mtume Paulo zinawaambia watumwa wawatii mabwana zao, na wenye mashamba walizisoma kwa sauti karne nyingi. Waraka wa waumini wa Germantown, Pennsylvania, wa mwaka 1688, uliopinga kununua watu kwa sababu tu kila mtu anapaswa kutendewa kama anavyotaka kutendewa, uliwekwa kando na wakubwa wao wa dini.

Swali la tatu

Je, Wazungu waliukomesha utumwa kwa huruma au kwa maslahi?

Jibu

Kwa yote mawili, na pia kwa kulazimishwa na watumwa wenyewe. Wa Haiti, iliyokuwa koloni la Ufaransa, waliasi mwaka 1791 na kutangaza nchi huru mwaka 1804, kabla Uingereza haijapiga marufuku biashara hiyo mwaka 1807. Na si Wazungu peke yao: Ahmad Bey, mtawala wa Tunis, aliukomesha utumwa nchini mwake mwaka 1846, miaka miwili kabla ya Ufaransa kufanya hivyo kwa mara ya mwisho katika makoloni yake, na karibu miaka ishirini kabla ya Marekani. Hoja zake zilikuwa za Kiislamu: kwamba mabwana wameshindwa kutimiza wema walioamriwa, na kwamba wengi wa watumwa hao huenda walikuwa Waislamu huru tangu asili. Mamufti wa Kihanafi na wa Kimaliki walimuunga mkono. Nchi nyingine za Kiislamu zilichelewa mno, Saudi Arabia hadi mwaka 1962 na Mauritania hadi mwaka 1981.

Kuhusu huruma, tazama nani alilipwa. Bunge la Uingereza lilipoukomesha utumwa kwa sheria ya mwaka 1833, lilitenga pauni milioni 20 kwa wenye watumwa, na watumwa wenyewe wengi wakalazimishwa kuendelea kuwatumikia mabwana wale wale hadi mwaka 1838. Mwaka 1825 Ufaransa iliitaka Haiti ilipe faranga milioni 150 kwa ajili ya mali iliyopotea, na katika hesabu ya mali hiyo walikuwamo watu wenyewe waliojikomboa. Zanzibar mwaka 1897, chini ya ulinzi wa Waingereza, fidia ilikwenda tena kwa bwana, naye mtumwa aliyeachwa huru akatakiwa athibitishe kwamba ana makazi na njia ya kujikimu, la sivyo atahesabiwa kuwa mzururaji.