Kabla hajaweka dole gumba

Ninyi madaktari watarajali mnaoanza wodi ya upasuaji mwezi huu, fomu za ridhaa mtabeba ninyi, maana mabingwa hawana muda nazo. Mimi nilimpelekea fomu mama mmoja wa kijijini mwenye saratani ya titi, nikamsogezea wino, nikamshika dole gumba mwenyewe. Alipokwisha kubonyeza akauliza, "Mwanangu, nikizinduka litakuwepo?" Fomu ilisema titi lote litolewe. Aliyeelezwa ni mumewe, koridoni.

Someni habari za George Crile wa Cleveland, Marekani. Tangu enzi za William Halsted, aliyeanza operesheni yake kubwa mwaka 1882, titi lilitolewa pamoja na misuli ya kifua na tezi za kwapa, na wengi walibaki na mkono uliovimba. Mara nyingi mwanamke aliingia thieta achukuliwe kipande kidogo tu cha uvimbe. Kikipimwa palepale na kuonekana ni saratani, alizinduka titi halipo. Crile, mpasuaji mtoto wa mpasuaji, aliiacha operesheni hiyo miaka ya 1950, akaandika kwenye magazeti ya watu wa kawaida ili wanawake wajisomee. Wenzake walimkasirikia sana.

Lakini ubishi wake peke yake usingetosha. Bernard Fisher, mpasuaji mwingine wa Marekani, alianza mwaka 1971 kuwagawa wagonjwa kwa kura, kila kundi na tiba yake, na kuwafuatilia. Katika utafiti wake uliofuata, waliotolewa uvimbe tu na waliotolewa titi lote waliishi sawa, hata baada ya miaka 20. Kwa hiyo akija mtu wodini na chupa ya mizizi, eti naye anaipinga hospitali kama Crile, muulizeni kaipima kwa wagonjwa wangapi.

Sasa sehemu tunayoiruka. Katika utafiti huohuo, waliobakiza titi bila mionzi, 39 kati ya kila 100 uvimbe uliwarudia titini. Waliopata mionzi, 14. Mashine za mionzi ziko miji michache. Tunamwambia mama anaweza kubaki na titi lake, hatumuulizi atalala wapi mjini wiki zote za mionzi, wala mbuzi atamwachia nani. Nimemwona mmoja akihesabu nauli kwa vidole, kisha akasema, "Toeni lote, nirudi nikalime." Mtarajali mwenzenu akaninong'oneza kwamba anaonewa. Anaonewaje, naye kaelezwa njia zote mbili na gharama zake?

Vuta kiti, ukae. Mwache akueleze yeye, kwa maneno yake, kesho atafanyiwa nini. Akikosea, ni wewe hujaeleza. Ndugu waje akiwataka.

Yule mama wangu wa kwanza, niliichana fomu yake nikaenda kuomba operesheni isogezwe. Nilifokewa mbele ya manesi. Kesho yake asubuhi aliniita, akasema litolewe tu. Usiku huo mmoja alitaka awapigie simu binti zake.