Anza na nge, Firauni atafuata

Kwenu mnaoanza kazi ya kuwaeleza watu habari za Misri ya kale: mwaka wangu wa kwanza niliupotezea kwenye nasaba za wafalme. Nilisimama mbele ya wanafunzi wa sekondari nikazitaja moja baada ya nyingine, na kabla sijafika ya nne darasa zima lilikuwa linatazama dirishani. Nikadhani tatizo ni wao.

Kilichonigeuza ni kipande cha jiwe la chokaa kilichoko British Museum, London. Karani wa Deir el-Medina, kijiji cha mafundi waliochonga makaburi ya wafalme karibu na Luxor, aliandika humo mahudhurio ya kazini, mwaka wa 40 wa utawala wa Firauni Ramses II. Huyu kaumwa na nge, yule anapika pombe, mwingine ana maiti ya kuandaa. Siku niliyowasomea orodha ile, kijana mmoja akauliza: aliyeumwa na nge alikatwa mshahara? Swali lake likatufikisha kwenye posho ya ngano na shayiri, na posho ikatufikisha mwaka wa 29 wa Ramses III, mafundi wa kijiji hichohicho walipoacha kazi wakaenda kukaa kwenye mahekalu kwa sababu posho imechelewa. Mgomo huo umeandikwa kwenye mafunjo yaliyohifadhiwa Turin, Italia. Firauni akaingia darasani mwenyewe, kama mwajiri anayedaiwa, na safari hii wote walitaka kujua jina lake.

Maandishi ya picha ya Wamisri nayo msiyaogope. Waonyesheni ndege na watu waliochorwa: wakitazama kulia, unaanza kusoma kulia. Wimbi moja ni sauti n, mawimbi matatu yakipangwa juu na chini ni maji. Irabu hazikuandikwa, kwa hiyo wataalamu huchomeka e ili neno litamkike. Nfr tukaiita nefer. Semeni hilo waziwazi. Aliyewahi kuona utenzi wa kale wa Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, ambamo o na u mara nyingi huandikwa sawa, ataelewa upesi, maana huko pia msomaji hutegemea kuijua lugha.

Mtaulizwa kama piramidi zilijengwa na viumbe kutoka angani. Tafadhali msimcheke anayeuliza, kwani huenda hajawahi kuonyeshwa kitu kingine. Mimi humweleza habari za Merer, aliyeongoza kikosi cha mabaharia zama za Khufu, Firauni aliyejengewa piramidi kubwa ya Giza. Kumbukumbu zake za kila siku ziligunduliwa mwaka 2013 huko Wadi al-Jarf, pwani ya Bahari ya Shamu, na zinaeleza jinsi watu wake walivyopakia mawe ya chokaa Tura na kuyapeleka Giza kwa mashua. Kisha natandaza ramani. Tura iko mashariki ya Nile, Giza magharibi, na mtoto wa darasa la tano huifuata njia ile kwa kidole chake mwenyewe.