Maswali ya Wasomaji: Nimeombwa kutunga muziki wa tamthilia

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Napiga kinanda kwenye kikundi cha taarab hapa Tanga. Mtayarishaji mmoja ameniomba nimtungie muziki wa tamthilia ya vipindi 13. Anataka uwe mkubwa kama wa sinema za Marekani, atanilipa mara moja tu, na muziki wote ubaki wake. Sijawahi kuifanya kazi hii. Nianzie wapi? Na nikitaka kuishi kwayo, lazima nihamie Dar?
Mpiga kinanda, Ngamiani

JIBU: Marahaba, mwanangu. Mtaji unao. Kwenye taarab mwimbaji anamaliza ubeti, ndipo fidla na kinanda vinajibu. Shikilia hapohapo. Mwigizaji akisema, wewe subiri. Akinyamaza, tazama kama uso wake haujajitosheleza kabla hujagusa kinanda. Ukilazimika kupiga chini ya maneno, kaa mbali na kimo cha sauti yake: besi nzito chini, au noti chache za juu. Muziki unaogombana na maneno ndio unaowafanya watazamaji wetu wahangaike na rimoti, na linaniuma kila jioni nikiwasha televisheni.

Hapa Bagamoyo nilitungia tamthilia yenye mama anayengoja jahazi. Mwongozaji alitaka fidla nyingi tangu mwanzo. Nikamwomba aache mawimbi na sauti za wachuuzi wa samaki peke yake mpaka mama anapogeuka kurudi nyumbani. Hapo tu ndipo lilipoingia zeze, mpigaji mmoja. Akakubali, na ndiyo sehemu ambayo watu bado wananiuliza habari zake. Ukubwa anaoutaka mtayarishaji wako haupatikani kwa wingi wa ala.

Kabla ya kutunga, kaa na mwongozaji mtazame kipindi chote, muandike dakika na sekunde ambapo kila kipande kinaingia na kutoka. Dai picha iliyokwisha kuhaririwa kabisa. Mhariri akikata sekunde mbili baadaye, pigo lako la mlango linalia mlango ukiwa umeshafungwa. Uliza picha inakwenda kwa fremu (picha moja moja) 24 au 25 kwa sekunde, rekodi sauti kwa kiwango cha kilohezi 48, na umpe fundi sauti ngoma, nyuzi na kinanda kila kimoja peke yake, aweze kushusha kimoja bila kuua vingine. Hesabu ya kukilinganisha kipande na picha ni nyepesi: kwa mapigo 120 kwa dakika, sekunde 40 ni mapigo 80, yaani mizani 20 ya mapigo manne manne.

Wapo waliokwenda kinyume. Mtunzi Mwitaliano Ennio Morricone alimtungia mwongozaji Sergio Leone muziki wa filamu yake ya 1968, Once Upon a Time in the West, kabla ya kupiga picha, na ukachezwa waigizaji wakiwa kazini. Lakini wale walikuwa wameshafanya kazi pamoja miaka. Wewe ngoja picha.

Sasa malipo. Hapo usikubali haraka. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inakutambua wewe mtunzi. Mpe ruhusa ya kuutumia muziki kwenye tamthilia hii, kwa maandishi, na useme wazi kwamba akitaka kuutumia kwenye tangazo au tamthilia nyingine mnakaa upya. Kama anang'ang'ania kununua moja kwa moja, bei ipande sana, maana kipindi kinaweza kurudiwa miaka na wewe hupati senti. Sajili kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania. Kwa kila kipindi weka orodha ya vipande: jina, mtunzi, urefu.

Dar? Bado. Picha na muziki vinatumwa kwa intaneti, na wapiga fidla unaowahitaji wako hapohapo Tanga. Ila siku ya kuchanganya sauti za kipindi cha kwanza, panda basi uende, hata kama hujaalikwa. Omba kiti nyuma ya fundi sauti.