"Kifaa lengwa" ni kipi hasa?

SWALI: Ninatengeneza kompyuta hapa Kadutu. Nikiandaa fleshi ya Linux, programu inanitaka nichague "kifaa lengwa". Kijana wa jirani anayecheza na Arduino (kibao kidogo cha kielektroniki kinachopangiwa programu) naye huambiwa kifaa lengwa hakilingani, na mteja mmoja wa ofisini anasema kifaa lengwa chao ni seva. Tunazungumzia kitu kimoja kweli? – Msomaji, Bukavu

JIBU: Hapana, ndugu, ni vitu vitatu. Kwenye fleshi, lengwa ni kile kitakachoandikiwa, na vyote vilivyomo vitafutika. Hapa ndipo mafundi wengi huumia. Chomoa kwanza diski zote za nje. Kwenye terminali ya Linux, andika lsblk (amri inayoorodhesha diski) kabla ya kuchomeka fleshi, kisha uirudie baada ya kuichomeka: jina lililoongezeka ndilo lako. Tazama na ukubwa. Fleshi ya GB 16 huonekana kama 14 na ushei. Ukiona 465, simama, hiyo ni diski ya GB 500, pengine yenye picha za harusi ya mtu. Ukitumia dd (amri ya kunakili data moja kwa moja kwenye diski) na fleshi ikawa sdb, andika of=/dev/sdb, si /dev/sdb1. Ile 1 ni kipande tu cha fleshi, na ukiandika humo kompyuta kwa kawaida haitawaka kwa fleshi hiyo. Mwishoni andika sync, amri inayokamilisha uandishi, usubiri imalize, ndipo uchomoe.

Kwa jirani yako, lengwa ni chipu itakayoendesha programu, si kompyuta anayoandikia. Avrdude, programu inayopakia kazi kwenye chipu, husoma saini ya chipu (namba ya utambulisho wake) kwanza: ATmega328P hujibu 1E 95 0F, ATmega328PB hujibu 1E 95 16. Zinafanana sana kwa macho, kwa hiyo asome maandishi yaliyo juu ya chipu, achague jina sahihi, asilazimishe kwa -F. Akipata 00 00 00 au FF FF FF kupitia programa ya ISP (kifaa cha kuandika moja kwa moja kwenye chipu), mara nyingi kosa liko kwenye waya au umeme wa chipu. Aanze na waya za MISO na RESET.

Mteja wako huenda anasema iSCSI, njia ya kutumia diski kupitia mtandao. Huko lengwa ni seva inayotoa diski kwa mtandao, kwa kawaida kwenye mlango 3260, na kompyuta ndiyo inayoifuata. Asiunganishe kompyuta mbili kuandika kwenye diski moja iliyofomatiwa NTFS au ext4: kila moja itaandika bila kujua mwenzake kaandika nini, na mafaili yataharibika.