Maswali na Majibu: Wajibu Una Mwenyewe na Una Mpaka

Barua nyingi zilizoifikia safu hii kutoka Arusha na Moshi zinauliza jambo moja kwa sura mbalimbali: ninadaiwa nini, anayenidai ni nani, na deni hilo linaishia wapi. Nimechagua sita, nikazifupisha na kuondoa kila kinachoweza kumtambulisha aliyeandika. Majibu hayatakuwa na urefu sawa, kwa kuwa maswali yenyewe hayana uzito sawa.

Shikamoo. Mimi ni mtoto wa kwanza kati ya watano, naishi Njiro na nimeajiriwa katika kampuni ya utalii. Nimewasomesha wadogo zangu wawili, na mama namtumia fedha kila mwezi. Sasa baba mdogo anataka nimlipie ada mwanawe na nichangie ujenzi wa nyumba ya ukoo Kibosho. Nikisita naambiwa nimesahau nilikotoka. Je, wajibu wangu kwa ndugu una mwisho?

Marahaba, dada. Una mwisho, na ili kuuona ni lazima kwanza uyatenganishe mambo ambayo ukoo umeyafunga katika furushi moja. Mtu huwajibika kwa mwenzake kwa sababu zinazojulikana: ama alipokea kitu kutoka kwake, ama alimwahidi, ama mwenzake ana shida kubwa ambayo yeye anaweza kuiondoa bila kujiangamiza. Mama yako anasimama juu ya sababu mbili kati ya hizo, kwa hiyo hapo hapana mjadala. Wadogo zako walikuwa na shida ya kweli, nawe ulikuwa na uwezo, ukatimiza. Nyumba ya ukoo haisimami juu ya sababu yoyote kati ya hizo tatu, isipokuwa kama uliwahi kuahidi. Ni jambo jema linalotamaniwa, na jambo jema linaombwa, halidaiwi.

Ada ya mtoto wa baba mdogo inahitaji uangalifu zaidi. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtwika mzazi jukumu la chakula, malazi, mavazi, matibabu na elimu ya mwanawe. Wajibu huo una mwenyewe, na mwenyewe ni baba mdogo. Ukimlipia, unamsaidia kubeba mzigo ulio wake, na anayesaidiwa namna hiyo hushukuru, hatoi amri. Hata hivyo kuna jambo moja ambalo hukuniandikia, nalo linaweza kugeuza jibu zima: je, baba yako alipokwama, ni nani aliyekulipia wewe? Kama baba mdogo aliwahi kuuza ng'ombe ili ufanye mtihani wa kidato cha nne, basi hoja yangu ya mwenye mzigo haitoshi tena, kwa kuwa unarudi kwenye ile sababu ya kwanza, ya mtu aliyepokea.

Halafu kuna uwezo. Qurani, katika sura ya pili aya ya 286, inafundisha kwamba Mwenyezi Mungu haikalifishi nafsi kupita iwezavyo, na sidhani kwamba ukoo una mamlaka ya kuzidisha hapo. Uwezo wako nao haupimwi kwa mshahara wa Agosti, mageti ya hifadhi yakiwa yamejaa wageni. Upimwe pamoja na Aprili na Mei, masika yanapowaondoa watalii na kampuni nyingi zikabaki na wafanyakazi wachache. Keti na ndugu zako, taja kiasi unachoweza kutoa kwa mwaka, uwaachie wao wapange kitumike wapi. Kuhusu lawama ya kusahau ulikotoka, utaona kwamba mara nyingi huelekezwa kwa mwenye kipato. Yule aliyesahau kweli, asiyepiga hata simu, hana anayemkumbusha.

Nilitoa ahadi ya mchango wa harusi katika kikao kilichofanyika Moshi, na jina langu likasomwa. Baada ya hapo nikapoteza kazi. Mweka hazina wa kamati ananipigia kila siku. Je, ahadi ile bado inanifunga?

Tusemapo kwamba ahadi ni deni, tunasema kweli, ingawa si deni la mahakamani. Sheria ya mikataba kwa kawaida hailazimishi utekelezaji wa ahadi ya kutoa bure, yaani ile ambayo upande wa pili haukutoa wala kuahidi chochote kwa ajili yake. Nguvu ya ahadi yako inatokana na mahali pengine: kamati ilihesabu fedha zako ilipoagiza chakula na kukodi ukumbi, na watu walipanga mambo yao kwa kukuamini.

Mwanafalsafa wa Uskoti, W. D. Ross, aliyeandika juu ya mambo haya mwaka 1930, alieleza kwamba tunaweza kuwa na wajibu kadhaa kwa wakati mmoja, na ule mzito ukaushinda ule mwepesi. Lakini ulioshindwa haufutiki, bali huacha nyuma yake wajibu wa kufidia. Naona maelezo hayo yanakufaa kabisa. Kuwalisha watoto wako kwa akiba iliyobaki kunatangulia mchango wa harusi. Kilichobaki juu yako ni kumpigia mweka hazina wewe kabla hajakupigia, kueleza hali yako mapema ili bajeti irekebishwe, kutoa kidogo kama kipo, au kutoa nguvu zako siku ya shughuli. Kuzima simu hakumo katika orodha hiyo.

Je, kupiga kura ni wajibu au ni haki tu? Mimi ni kijana wa Ngarenaro, nina miaka 22.

Kisheria, kwetu ni haki. Katiba ya mwaka 1977 inaitoa katika ibara ya 5 kwa raia aliyetimiza miaka 18, na asiyekwenda kituoni haadhibiwi, tofauti na Australia ambako kupiga kura katika uchaguzi wa taifa kumekuwa lazima tangu 1924. Ibara ya 25 hadi ya 28, zinazotaja wajibu wa kila mtu, zinazungumzia kazi, kutii sheria, kulinda mali ya umma na ulinzi wa taifa, kura haimo. Kimaadili naiona kuwa sehemu ndogo ya wajibu mkubwa zaidi, ambao ni kufuatilia yanayofanywa kwa jina lako. Kijana mwenzangu, ukihudhuria mkutano wa mtaa mapato na matumizi yanaposomwa, ukauliza swali moja lenye maana, utakuwa umefanya jambo ambalo wapiga kura wengi hawajawahi kulifanya.

Ninatunza stoo katika taasisi ya umma hapa Arusha. Mkubwa wangu ananitaka nisaini hati ya kupokea mifuko ya saruji ambayo haijafika, akisema italetwa baadaye na kwamba kazi yangu ni kutii. Nina familia. Nifanye nini?

Usisaini. Naanza na jibu kwa sababu najua ndilo unalolisubiri. Sababu zake zinafuata.

Utii kazini ni wajibu wa kweli. Taasisi ambayo kila mtumishi anafuata maoni yake haiwezi hata kufungua mlango asubuhi. Lakini mkubwa wako alipata mamlaka ya kukuamuru kutoka kwenye sheria ileile ambayo ibara ya 26 ya Katiba inamtaka kila mtu aitii, yeye akiwemo, na amri inayotoka nje ya sheria haina tena kitu cha kuiegemea. Ibara ya 27 inaongeza kwamba watu wote watunze mali ya mamlaka ya nchi na kupiga vita uharibifu na ubadhirifu. Na Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007 inamhesabu kuwa mkosaji mtumishi anayetumia hati ya uongo kumdanganya mwajiri wake. Mwajiri wako ni taasisi. Mkubwa wako naye ni mtumishi wake, kama ulivyo wewe.

Mji wetu una sababu yake ya kulielewa jambo hili. Kwa takribani miaka ishirini, hadi mwishoni mwa 2015, Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda iliketi hapahapa Arusha, katika jengo la kituo cha mikutano cha kimataifa, AICC. Kifungu cha 6 cha hati iliyoianzisha kilisema kwamba mshtakiwa aliyetenda kwa amri ya serikali au ya mkubwa wake hakuondokewa na hatia kwa sababu hiyo, ingawa mahakama ingeweza kumpunguzia adhabu haki ikitaka hivyo. Silinganishi saruji na mauaji ya kimbari. Nachukua kanuni peke yake, nayo ni kwamba mkono uliotenda haukomi kuwa wako kwa kuwa mwingine ndiye aliyesema.

Jambo la pili ni la mkubwa mwenyewe. Azimio la Arusha la mwaka 1967 liliwawekea viongozi masharti ambayo mwananchi wa kawaida hakuwekewa: wasiwe na hisa katika kampuni za kibepari, wasipokee mishahara miwili au zaidi, wasiwe na nyumba za kupangisha. Masharti hayo yalilegezwa baadaye, na wapo wanaosema kwamba hayakutekelezeka tangu mwanzo. Mimi naendelea kuamini kwamba wazo lililo ndani yake lilikuwa sahihi: mamlaka yakikua, wajibu nao uzidi. Mkubwa anayetumia cheo chake kumsukumia mtunza stoo hatari iliyo yake amelipindua wazo hilo.

Sasa familia. Sitakudanganya kwamba kukataa hakuna gharama, kwani watu wamehamishwa vituo kwa madogo kuliko hayo. Punguza gharama kwa njia hii: mwombe akupe agizo lake kwa maandishi, kwa heshima na bila kumshutumu, nami nadhani hapo shauri litapoa lenyewe. Asipokuelewa, jibu kwa maandishi kwamba utasaini mara mzigo utakapofika na kuhesabiwa, kisha utunze nakala. Likizidi, ofisi ya TAKUKURU, taasisi ya kupambana na rushwa, ipo, na tangu 2015 iko sheria ya kuwalinda watoa taarifa na mashahidi. Ukumbuke pia kwamba wakaguzi watakapokuja, sahihi watakayoikuta kwenye hati ile ni yako.

Baba alituacha nikiwa na miaka sita, akaenda kuanza maisha mengine mbali. Mama alitulea kwa kuuza ndizi sokoni Moshi. Sasa baba amerudi Machame, ni mgonjwa, na wazee wananiambia ni wajibu wangu kumtibu. Je, nina wajibu kwa mtu ambaye hakutimiza wake?

Pole sana, kaka. Wapo watakaokuambia kwamba mzazi ni mzazi tu, na wapo watakaokuambia kwamba aliyepanda mabua asitarajie mahindi. Kila upande umeshika kipande cha ukweli, nami sitaki kukichukua kimoja na kukitupa kingine.

Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu, uliopitishwa mwaka 1981 na kuanza kutumika 1986, una sifa isiyo ya kawaida miongoni mwa mikataba ya haki: unataja pia wajibu wa mtu binafsi. Ibara ya 29 inamtaka kila mtu awaheshimu wazazi wake wakati wote na kuwatunza wakiwa na shida, wala haiwekei sharti kwamba wawe walikuwa wazazi wema. Mahakama ya Afrika inayousimamia iko Arusha, lakini baba yako hawezi kukupeleka huko, kwa kuwa inasikiliza mashauri dhidi ya nchi, si dhidi ya mtoto wa mtu. Kwa hiyo ibara hiyo ni sauti ya maadili ya bara letu zaidi ya kuwa amri inayoweza kukukamata.

Sauti hiyo inadai nini hasa? Naona ni hapa wazee wanapochanganya mambo. Immanuel Kant, mwaka 1785, aliandika kwamba upendo kama hisia hauwezi kuamriwa, ila kutenda mema kwa sababu ni wajibu kunaweza kuamriwa, hata pale moyo unapokataa. Wewe hudaiwi kumpenda baba yako. Hudaiwi kusema kwamba yamekwisha ikiwa hayajaisha, wala kumfanya mama yako akae naye meza moja. Kinachoweza kudaiwa ni kile ambacho mgonjwa yeyote asiye na msaada angekidai kwa mtu aliye karibu na mwenye uwezo: afike hospitali, apate dawa, asilale na njaa. Hapo wewe uko karibu kuliko wengi, na kama ana watoto wengine huko alikokuwa, wao pia wako karibu. Wazee wawatafute hao kwa bidii ileile waliyotumia kukutafuta wewe.

Juu ya kupatana, mila ya kwenu inajua njia. Mwenye kukosa hupeleka jani la isale kuomba msamaha. Baba yako hajalipeleka, na wazee wangefanya vyema kumkumbusha yeye kwanza. Usilifanye jani hilo kuwa sharti la matibabu, wala usikubali matibabu yahesabiwe kuwa msamaha.

Ninaishi Arusha, lakini nina kihamba, yaani shamba la ukoo la migomba, Marangu. Kikao cha mfongo, yaani mfereji wetu wa maji ya shamba, kimenitoza faini kwa kutohudhuria msaragambo, kazi ya pamoja ya kuusafisha. Mimi nafanya kazi mbali, na waliokwenda walitosha. Kwa nini nilipe?

Mama yangu, hoja ya kwamba waliokwenda walitosha ina wenyewe wanaoijua vizuri. Wanazuoni wa Kiislamu hutofautisha fardhi aini, inayomlazimu kila mmoja mwenyewe, na fardhi kifaya, kama mazishi, ambayo wakiitimiza baadhi wengine hawaulizwi, na isipotimizwa na yeyote jamii nzima imeingia katika dhambi. Ingekuwa mfongo unasafishwa mara moja tu, ningekupa haki. Lakini unajaa tope kila msimu, na waliotosha safari hii ni walewale wa safari iliyopita, huku maji yakipita kwenye migomba yako sawasawa na kwenye migomba yao. Mgao wako wa maji ndio unaokufunga, uwe Arusha au Dar es Salaam.

Kwa hiyo lipa, na safari ijayo tuma kibarua au ndugu ashike jembe kwa niaba yako, mradi utaratibu wa kikao unaruhusu. Kabla ya kulipa, hata hivyo, hakikisha mambo mawili: kwamba kihamba chako kinapata zamu ya maji kweli, kwa kuwa nasikia ipo mifongo ambayo watu wa chini hawaoni hata tone, na kwamba kiwango cha faini kilipitishwa na kikao chenyewe. Mwenyekiti akipokea fedha, mwombe stakabadhi.